Jezi ya Msumari Haifuliwi

Shangazi yangu ana pua mbaya. Sisemi sura yake. Pua yenyewe ni ya kawaida, imekaa mahali pake. Nasema kazi yake. Ukiingia ndani na shati la jana, hata kama umelipiga pasi mpaka likasimama lenyewe, atakuuliza bila kugeuka, "Hilo umelitoa wapi?" Ukijitia kubisha atakutajia na ulikokaa: "Tena ulikuwa karibu na mtu anayevuta sigara." Ndiyo maana wageni wetu ni wachache.

Uwanjani wanamwita Mama Povu. Ndiye dobi wa timu ya taifa. Alianza akiwa binti, dobi mwenyewe akiwa mama yake, yaani bibi yangu. Bibi alipofariki hakuna aliyetangaza nafasi ya kazi. Watu waliona tu jezi zinaendelea kutoka safi. Chumba chake kiko chini ya jukwaa kuu. Kina dirisha moja la nondo linalotazama ua wa nyuma, sinki refu la saruji, mabeseni ya bati, na mashine mbili za kufulia. Moja imekufa, nyingine inaumwa. Ile inayoumwa anaiachia taulo na bukta. Jezi haipi, kwa sababu anasema inazikunja namba mpaka zinapasuka kama visigino. Jezi zote hufua kwa mkono, kila moja imegeuzwa ndani nje.

Hana mume, hana mtoto. Ana mimi, na ana sheria. Sheria yenyewe ni kwamba nguo chafu hailali chumbani kwake. Mechi iishe jioni, mvua inyeshe, umeme ukatike, atazisugua zote kabla ya kufunga mlango. "Jasho likilala linazaa," husema. Wachezaji wageni humcheka. Wakishakaa benchi moja na timu nyingine na kunusa jezi zao, wanaacha kucheka. Tangu nimfahamu, hakuna mtu aliyewahi kurudisha nguo iliyopita mikononi mwa Mama Povu akasema haikutakata. Hiyo ndiyo mali yake. Wengine wana nyumba, yeye ana hilo jina.

Sasa nikueleze habari za Msumari.

Msumari ni mshambuliaji. Mpira anaujua, siwezi kumnyima haki yake, ingawa natamani. Rekodi ya mabao ya timu ya taifa ilikuwa ya mzee mmoja marehemu, mabao thelathini na nane, aliyoyafunga enzi za viwanja vya mashimo na mpira unaokunywa maji mpaka unakuwa kama jiwe. Shangazi anamkumbuka kwa jambo moja tu. Mechi ikiisha, mzee yule alikuwa akitoka nje kuikung'uta jezi yake matope, halafu anaileta mwenyewe kwa bibi na kusema, "Shikamoo mama, pole na kazi." Mabao yake shangazi hayajui hata moja.

Msumari alimfikia kwenye mechi ya mvua. Alikuwa ameupa mpira mgongo, anabishana na beki, kona ikapigwa, mpira ukamgonga tumboni ukaingia. Mwenyewe alijua baada ya kurukiwa. Basi akafanya kile anachofanya kila akifunga: akauma ukosi wa jezi na kukimbia nao mdomoni uwanja mzima, kama mbwa aliyeiba kandambili. Thelathini na nane. Wamelingana. Limebaki moja.

Jioni ile mtu wa vifaa aliingia chumbani kwa shangazi na gunia la jezi begani, na nyingine moja ameining'iniza kwa vidole viwili. Ni mwanamume mwembamba, mwoga, ana funguo nyingi kiunoni. Wote wanamwita Bwana Vifaa.

"Mama, za humu zote fua. Hii usiiguse."

"Imechanika?"

"Haijachanika. Ni agizo la Msumari, na Katibu amelipitisha. Bahati imo ndani. Ukiifua, bahati inakwenda na povu. Haifuliwi mpaka avunje rekodi."

Shangazi alicheka mpaka akashika sinki. "Bahati? Humu ndani mna matope, jasho na mate. Mimi nimeishi na hivyo vitu tangu sijaota matiti, mbona sijafunga hata bao moja?"

"Mama, mimi natumwa tu."

"Basi aende nayo kwake akalale nayo."

Bwana Vifaa akakuna shingo. "Mkewe amekataa. Amemwambia achague, jezi au yeye."

"Huyo mwanamke ana akili. Mpe salamu."

Lakini jezi ilibaki. Vyumba vya wachezaji hutumiwa na klabu kila wiki, vitu vinapotea. Ofisini kwa Katibu wa chama cha soka mna zulia. Kwa hiyo ikapigiliwa kitundikio ukutani, humo humo kwa Mama Povu, juu ya meza anayokunjia nguo safi. Kwa mara ya kwanza nguo chafu ililala kwake. Alirudi nyumbani akaosha mikono, akakaa, akainuka, akaosha tena.

Wote walidhani ni jambo la wiki mbili. Kisha Msumari akaumia paja. Kisha wakubwa wakagombana na kocha, mechi zikaahirishwa. Miezi ikaingia kwenye miezi, na jezi iko ukutani.

Kama hujawahi kuishi na kitu cha namna ile, ngoja nikupe habari zake. Mwanzoni ilinuka jasho, ambalo ni kosa la kawaida la binadamu. Halafu ikanuka kama kitambaa cha kudekia kilichosahauliwa ndooni. Joto lilipokuja ikachacha. Makwapani pakaota madoa meusi yenye vinyweleo. Ukosi, pale anapouma, ulikauka ukawa mgumu kama ngozi ya kiatu, na meno yake yalionekana. Nguo yote ilisimama mbali na ukuta, kama vile ndani mna mtu mwembamba anayesikiliza. Nzi waliijua. Nilikuwa nikimpelekea shangazi chakula cha mchana. Baada ya muda tukaanza kulia uani, juani, kwenye ndoo zilizopinduliwa.

Na watu walikuja kuiangalia! Hapo ndipo mimi kinyaa kiliponianza hasa. Katibu wa chama alikuwa akileta wageni. Ni mtu wa mwili mkubwa na viatu vinavyolia, hapiti mlangoni bila kusema neno la kukumbukwa. Siku moja alileta mabwana watatu wenye suti. Mmoja akasogeza uso, akavuta pumzi, machozi yakamlenga, akasema, "Hii ndiyo harufu ya historia." Wenzake wakatikisa vichwa. Shangazi alikuwa akisuuza bukta. Akaniambia kwa sauti ya kawaida, "Kumbe historia ni kikwapa."

Siku nyingine baba mmoja, jamaa yake Katibu, alikuja na mtoto wake mdogo. Akakamata kwapa la ile jezi, akalipitisha usoni kwa mtoto, paji mpaka kidevu, ili naye awe mfungaji. Mtoto akapiga chafya, kisha akalia kilio cha kweli. Shangazi hakuomba ruhusa. Alimnyakua, akamweka juu ya sinki na kumwosha uso kwa sabuni, huku akimwambia, "Nyamaza babu, nyamaza, watu wazima wamekuwa wendawazimu." Baba mtu akabaki amesimama na mkono wake unaonuka.

Msumari alipopona, mechi ikaja. Akaivaa. Alikosa mabao ambayo hata mimi ningefunga nikiwa nimebeba ndoo. Filimbi ya mwisho ilipolia alishuka moja kwa moja chumba cha kufulia, amevua jezi ameishika, nyuma yake Bwana Vifaa akikimbia.

"Nani ameifua?"

Shangazi akamtazama. "Shikamoo hujui?"

"Nauliza nani ameifua! Bahati imetoka. Nimeisikia inatoka."

"Mwanangu, hiyo jezi ukiiweka barabarani gari zitageuza njia. Unaniuliza kama imefuliwa?"

Basi Msumari, mbele yetu wote, akajifunika jezi usoni. Sio kunusa kwa mbali. Aliuzamisha uso kwenye kwapa kama mtu anayekunywa maji kisimani, akavuta, akatulia, akavuta tena. Mgongo wake ulikuwa na vipele vyekundu, vingine vimepasuka, mstari mzima kufuata mshono. Alipoinua uso alikuwa ametulia kama mtoto aliyeshiba.

"Hapana. Iko sawa. Ndiyo yenyewe," akasema, na kuitundika tena.

"Vipele hivyo umemwonyesha daktari?" shangazi akauliza.

"Ni bahati inapenya, mama."

Alipotoka, shangazi alitema mate kwenye sinki na kulimwagia maji. Mimi nilitema dirishani.

Hayo yote shangazi aliyavumilia. Kilichomshinda kilikuja kwa adabu, tena kwa upole. Nahodha wa timu ya wanawake aligonga mlango mchana mmoja, ana mfuko wa jezi. Ni msichana mrefu wa maneno machache. Shangazi humpenda kwa sababu hukunjua soksi zake kabla ya kuzileta.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Leo si zamu yenu."

"Si zamu, mama." Akaangalia sakafu. "Usinielewe vibaya. Hizi ulitupa juzi. Wenzangu wanasema... mama, hivi hizi zilifuliwa kweli?"

Sijawahi kuona uso wa shangazi ukiwa vile. Alichukua jezi ya juu, akaisogeza puani. Hakuhitaji kuisogeza. Ilikuwa imefuliwa, imeanikwa, imepigwa pasi, na ilinuka Msumari. Zilikunjiwa chini ya kile kitu, zikalala chini yake, zikavuta harufu yake.

"Wanasema pengine umechoka," Nahodha akamalizia. "Mimi sikusema hivyo."

"Ziache," shangazi akasema.

Kesho yake akapanda kwa Katibu. Alinisimulia aliporudi. Alimweleza kwamba ile jezi inaambukiza chumba kizima, iondolewe au aifue. Katibu akamsikiliza huku akigeuzageuza kalamu.

"Mama Povu, mla ng'ombe hashindwi na mkia. Bao moja tu."

"Mheshimiwa, ng'ombe mwenyewe ameoza."

"Hata hivyo nimefurahi umekuja," Katibu akaendelea. "Malalamiko yamefika hapa. Nguo zinanuka. Umri nao unakwenda. Kuna kampuni ina mashine na gari lake, wanachukua nguo wanarudisha zimefungwa kwenye nailoni. Tulikuwa tunawaza. Lakini ukituvusha kwenye hii rekodi vizuri, nani atakugusa? Ukiigusa ile jezi lakini," akainua kidole, "kesho yake usije."

Ndivyo alivyobanwa. Aifue, apoteze kazi. Aiache, abaki kazini akiwa dobi ambaye nguo zake zinanuka, mpaka watakapomtoa kwa sababu nguo zake zinanuka. Na aliyezinukisha hawezi kushtakiwa kwa sababu ametundikwa ukutani na anaitwa bahati.

Chama nacho hakikuwa na subira ya kungoja Msumari afunge bao kama watu wafungavyo. Wakatafuta mechi ya kirafiki. Wakaalika timu ya mbali, dhaifu, iliyosafiri kwa basi usiku na mchana na kufika siku moja kabla ya mechi, miguu imevimba. Niliwaona wamelala kwenye mabenchi ya ua wa nyuma, viatu wamevifanya mito. Kipa wao, mtu mzima mwenye mvi kidogo, alimwomba shangazi sabuni. Akampa kipande kizima. Yule kipa akafua soksi zake mwenyewe bombani, akazikamua vizuri, akazianika na kusema, "Asante dada."

Nadhani ndiyo ilikuwa sababu, ingawa shangazi hasemi. Alimtazama yule mtu akianika. Kisha akaingia ndani, akaishusha jezi ya Msumari kutoka ukutani, akaiweka kwenye beseni.

Aliilowesha kwa maji baridi kwanza, kwa sababu maji ya moto hulipikia jasho ndani ya uzi. Maji yakageuka rangi ya chai iliyolala. Akayamwaga, nzi wakainuka wote kwa pamoja. Maji ya pili alitia sabuni na kuiacha, akiwa amesimama juu yake mikono kiunoni kama polisi. Kisha akasugua: kwapa, kwapa, ukosi, mshono wa mgongo pale palipompasua vipele. Alisugua bila kuimba, na kwa kawaida huimba. Povu lilikuwa kijivu, halafu jeupe. Akasuuza mpaka maji yakatoka kama yalivyoingia. Akaikung'uta mara moja, paa! Akaianika uani, katikati ya kamba, jua kali. Ilikuwa nyekundu. Tulikuwa tumesahau kwamba ni nyekundu.

Bwana Vifaa alikuja kuchukua mipira. Akapita chini ya kamba, akasimama, akarudi nyuma hatua kwa hatua, akatazama namba mgongoni. Funguo zake zikaanza kulia kiunoni zenyewe, jinsi alivyokuwa akitetemeka.

"Mama. Mama Povu. Niambie hii si ile."

"Ndiyo ile."

"Umeniua! Mimi nina watoto!"

"Una watoto. Wao hawana pua?"

Akakaa chini, kwenye saruji, akashika kichwa. Shangazi akamwambia asiogope, atasema mwenyewe kwamba ni yeye. Bwana Vifaa akasema hilo halisaidii, dhamana ya vifaa ni yake, watatoka wote wawili. Kisha nikaona wazo likimwingia. Lilimwingia vibaya, kama mtu anayemeza mfupa.

"Irudishe," akasema. "Irudishe ilivyokuwa."

"Mimi nguo naisafisha. Kuchafua sikufundishwa."

"Basi nitaifanya mimi. Geuka upande wa pili."

Shangazi hakugeuka, wala mimi. Akaiondoa kambani ikiwa bado na ubichi. Akaenda kwenye gunia la mazoezi lililokuwa limeingia asubuhi, akatoa soksi za kipa wetu, yule mnene, ambaye hata wenzake huvua viatu mbali naye. Akazisokomeza makwapani na kusugua. Akanusa. Akatikisa kichwa, haitoshi. Akaitandaza juu ya mfereji unaotoka vyooni, akaikanyaga. Akachovya mgongo wa jezi kwenye ndoo ya dekio. Akanusa tena, macho yakamtoka maji, akasema, "Inakaribia." Kisha akashika ukosi, akaukumbuka. Hapakuwa na alama za meno.

Alitutazama. Sisi tukamtazama. Akaweka ukosi mdomoni na kuanza kuutafuna, taratibu, kichwa ameinamisha, mate yanamtiririka kidevuni, mtu mzima mwenye mke na watoto.

"Mimi yangu nimeifua," shangazi akamwambia. "Hiyo sasa ni ya kwako."

Akaingia ndani na kufunga mlango.

Siku ya mechi uwanja ulijaa. Msumari alipewa jezi, akajifunika nayo usoni kama desturi yake, chumba kizima kikingoja, na Bwana Vifaa, ambaye ndiye aliyenisimulia haya baadaye, akiwa ameegemea ukuta. Msumari akavuta pumzi. Akafumba macho.

"Ndiyo hii," akasema. "Leo imekolea."

Mechi yenyewe sitaki kuipamba. Wale wageni walikuwa wakikimbia kama watu wanaotembea majini, na bado Msumari hakuweza kufunga. Mwishoni kijana wetu wa pembeni, mgeni kabisa timu ya taifa, akateleza ndani ya boksi mwenyewe kwa miguu yake. Refa akaweka penalti. Kijana akauchukua mpira. Alikuwa hajafunga bao lolote katika timu ya taifa, na mama yake alikuwa jukwaani amesimama amejifunga kanga kichwani. Msumari akaja akamnyang'anya. Hakumwomba. Aliutoa tu mikononi mwake kama unavyomwondolea mtoto kisu.

Akapiga. Yule kipa mwenye mvi akaudaka. Akaudaka vizuri, kwa mikono miwili, akaukumbatia. Refa akatazama jukwaa la wakubwa, akapuliza, akasema kipa alisogea. Kipa hakubishana. Aliangalia mikono yake tu, kisha akarudi golini. Penalti ikarudiwa, akafungwa. Thelathini na tisa. Na Msumari akauma ukosi, akakimbia nao uwanja mzima, akiunyonya, watu wakipiga kelele mpaka zege linatetemeka. Nilikuwa nimesimama lango la ua. Nikatema mate chini.

Filimbi ilipolia walileta meza na kipaza sauti. Katibu akaongea sana. Akasema rekodi hii ni ya nidhamu. Akasema jezi hii haikuguswa na tone la maji tangu siku ile, na kuna mama mmoja aliyeilinda kama mboni ya jicho lake, dobi aliyejua wakati wa kutofua. Wakamwita shangazi. Walikuwa wamemnunulia saa ya ukutani.

Alitoka chini ya jukwaa akiwa na nguo zake za kazi, mikono imekunjamana kwa maji. Watu wakampigia makofi. Hebu fikiria: miaka yote ile ya jezi zilizotakata, hakuna aliyewahi kumpigia makofi. Wanampigia kwa ile moja chafu. Msumari akamkumbatia, na nikaona shangazi akigeuza uso pembeni, pua imejikunja.

"Mama Povu, neno moja kwa taifa!" Katibu akasema.

Nilimwona akiangalia saa, akiangalia jezi. Alipoangalia upande wa timu ya wanawake, Nahodha na wenzake walikuwa wamekaa safu ya chini. Akashika kipaza sauti kwa mikono miwili.

"Mimi ni dobi," akasema. "Jezi hii niliifua jana. Maji matatu, kwa sabuni, nikaianika juani. Ilitakata. Nani aliichafua sitasema, lakini mimi niliifua."

Kicheko kidogo kikaanza upande mmoja wa uwanja, kikasambaa. Katibu alikuwa akicheka kwa meno tu. Msumari hakucheka. Alijinusa bega.

"Kama uliifua," akamuuliza polepole, na kipaza sauti kikamdaka, "hii harufu ni ya nani?"

"Muulize kipa wenu. Na mfereji wa choo."

Msumari akamgeukia Bwana Vifaa. Bwana Vifaa akaangalia mawingu. Mkono wa Msumari ukapanda ukosini, mahali alipokuwa akinyonya, na uso wake ukabadilika rangi. Alikimbia mpaka kwenye kibendera cha kona na kutapika hapo, akiwa amepiga magoti, mbele ya watu wote. Waliokaa mbali walidhani analia. Redioni nilisikia baadaye mtangazaji akisema mfungaji bora wa wakati wote alizidiwa na furaha, akabusu ardhi.

Jioni yake Bwana Vifaa alikuja nyumbani. Alikaa kwenye ukingo wa kiti. Alikuwa amepiga mswaki mpaka midomo imevimba.

"Mama, Katibu hana ubaya," akaanza. "Anasema uje kesho asubuhi redioni. Useme ulitania. Furaha ilikuzidi. Basi, unaendelea na kazi, na ile kampuni haiji."

"Na jezi?"

"Itawekwa kwenye kioo, pale mlangoni kwa chama. Wameshaandika kibao. Haijafuliwa."

"Kwa hiyo niende nikaape mbele ya watu kwamba sikufua."

"Ni maneno tu, mama. Bao lenyewe limeshaingia kwenye rekodi. Halitoki."

"Limeingia, mbaki nalo." Shangazi alikuwa akikunja mashuka yetu, ananyoosha pembe. "Wewe unaweza kulala, mdogo wangu?"

Bwana Vifaa alisema tu kwamba mdomoni ladha haijatoka. Shangazi akampa maji ya chumvi asukutue, akamsindikiza mpaka nje. Asubuhi hakwenda redioni wala hakwenda kazini. Gari la kampuni lilikuwa limeshafika uwanjani kabla ya saa ya kufungua.

Siku zile zilikuwa mbaya. Alikaa mlangoni, mikono imekauka, haijui ishike nini. Watoto wa mtaani walipita wakijiziba pua na kuimba jina la Msumari. Majirani wawili walisema angekubali tu, rekodi ni ya nchi nzima, yeye nani. Mmoja alikuwa amevaa jezi mpya nyekundu yenye namba ile. Niliwachukia wote mpaka nikajishangaa.

Kisha Nahodha akaja. Alikuwa na mfuko begani, nyuma yake wenzake wawili na mifuko mingine. Walisimama nje ya kizingiti.

"Shikamoo mama. Kampuni wametuambia sisi si mkataba wao, wanafulia wanaume tu." Akasita. "Mama, ni kweli uliifua?"

"Niliifua."

"Basi tufulie na sisi. Tutakuja kukamua wenyewe, ukitaka."

Shangazi alikuwa ameshachukua ndoo, anaelekea bombani.